Filamu Iliyopoteza Sauti

Kila asubuhi shangazi yangu Alisi husukutua koo kwa maji ya vuguvugu yenye chumvi ya Katwe, halafu huwaita kuku. Hawaiti kwa sauti moja. Jogoo humwita kwa ukali wa yule mama mkwe aliyemwigiza kwenye televisheni kwa miaka mingi. Mitetea huwaita kwa sauti ya mtoto. Kuku mweupe, ambaye hapendi kutoka chini ya ngazi za jikoni, humbembeleza kwa sauti nzito ya mchungaji. Mimi husimama kwenye jiko la mkaa nikikoroga uji na kujizuia kucheka. Majirani zetu hapa Bwera wamezoea, ila mgeni akipita njiani hudhani nyumba yetu ina watu wengi.

Asubuhi hiyo alikuwa bado anasukutua, uso umeelekea juu, pikipiki ilipoingia uani bila honi. Kuku wakaruka. Isa alishuka hata kabla injini haijazimika.

"Mama Alisi! Hiyo kitu nimeipata!"

Shangazi aliyameza maji yote ya chumvi. Alikohoa hadi machozi yakamtoka, mkono mmoja umeshika ukuta.

"Isa, unataka kuniua? Umepata kitu gani?"

"Filamu. Taa za Kilembe. Iko mzima, kutoka mwanzo mpaka mwisho." Alitoa flashi mfukoni akaiinua juu. "Muuza samaki wa Katunguru alikuwa nayo ndani ya kompyuta ya marehemu kaka yake. Mimi nilienda kununua samaki, mama. Samaki tu!"

Shangazi aliketi juu ya ndoo iliyopinduliwa. Nimeishi naye tangu nilipomaliza chuo cha ualimu, na sikuwahi kumwona akiketi asubuhi kabla ya kazi kuisha. Alinyoosha mkono, akaichukua ile flashi, akaitazama kama mtu anayetazama jino lake lililong'olewa.

Isa ana ukumbi wa video kwenye barabara ya kwenda Mpondwe, mpakani na Kongo. Ni jengo la mabati lenye mabenchi, madirisha yake yamezibwa kwa mablanketi ili pawe giza hata mchana. Shangazi ndiye vijei wake. Filamu ya Kihindi au ya Kichina ikiwa inaendelea, yeye hukaa pembeni mwa skrini na maiki, akiwapa watu wote wa kwenye filamu maneno ya Kiswahili papo hapo, wanaume kwa wanawake, watoto, polisi, hata mbwa. Na hatafsiri tu, anarekebisha. Jambazi wa Hong Kong akikimbia, shangazi husema anawahi Mpondwe kabla mpaka haujafungwa. Mama akifa, husema amezimia tu na anapelekwa hospitali, kwa sababu wanawake waliotoka sokoni hawataki kurudi nyumbani wakilia. Mara moja shujaa alizikwa kabisa, jeneza likafukiwa, watu wakaanza kuguna. Shangazi akawatuliza: "Msijali, wamekosea mtu." Na kweli, watu walitulia.

Kabla ya hapo alifanya kazi nyingi. Alizaliwa Kilembe, baba yake akiwa mchimba shaba, akaanza kuimba kwenye kwaya ya kanisa. Ujanani akajiunga na bendi ya Wakongo hapa Bwera, wakawa wanapiga muziki kwenye harusi na siku za soko pande zote mbili za mpaka. Ndipo Tefiro, mpiga video za harusi, alipoamua kutengeneza filamu, akamchukua shangazi awe mke wa mchimbaji. Baada ya filamu hiyo alikwenda Kampala, akawa mama mkwe mbaya kwenye tamthilia. Aliuigiza ubaya vizuri mno. Alipokuja likizo, wanawake wa soko la Kasese walikataa kumwuzia nyanya. "Kwanza kamwombe msamaha yule binti!" wakamwambia. Redioni ametangaza sabuni, chanjo na mbegu za mahindi. Kampala walipoanza kutafuta nyuso changa, alirudi nyumbani. Alisema hana kinyongo. Kidogo alikuwa nacho, lakini alikimalizia kwenye sauti za majambazi.

Kati ya kazi zote hizo, Taa za Kilembe ndiyo pekee ambayo hakuwa na nakala yake. Mto Nyamwamba ulipofurika uliichukua nyumba ya Tefiro na kanda zote, na Tefiro mwenyewe akafariki miaka michache baadaye. Tukimwuliza shangazi kuhusu filamu hiyo alikuwa akijibu, "Ilikwenda na maji," kisha anatafuta kazi ya kufanya.

Tuliitazama sebuleni, kwenye kompyuta yangu. Picha ilikuwa nzuri kuliko nilivyotegemea. Nilimwona shangazi akiwa msichana mwembamba, ndoo kichwani, akipanda kijia kati ya nyumba za wafanyakazi wa mgodi, milima imesimama pande zake zote mbili. Lakini sauti haikuwepo. Kulikuwa na mvumo tu, kama mvua juu ya mabati.

"Sauti itakuja," Isa alisema.

Haikuja. Alitokea mwanamume mrefu mwenye pengo kwenye meno ya mbele, gitaa mgongoni, na shangazi wa kwenye picha akamchekea kwa moyo wote, kama watu wanavyocheka wakiwa hawajui kwamba wanatazamwa.

"Huyu ni nani?" niliuliza.

"Si huyu ni Mwalimu Sosthène!" Isa alipiga paja. "Yule anayefundisha kwaya ya Wakatoliki pale Kasese. Mkongo. Alivuka mwaka jana vita ilipozidi kwao. Kumbe na yeye alikuwa staa!"

"Zima," shangazi alisema. "Kuku hawajala."

Kuku walikuwa wamekula. Lakini Isa tayari alikuwa na mpango, na Isa akiwa na mpango hasikii mtu. Jumapili, baada ya misa na ibada, angeonyesha Taa za Kilembe ukumbini. Sauti hakuna, sawa, lakini waigizaji wenyewe wapo hai! Shangazi na Sosthène wangekaa na maiki na kuisemesha filamu yao mbele ya watu.

"Lazima iwe Jumapili hii," aliongeza. "Yvette, mpwa wa Mwalimu, yule muuza vitenge, anasema mzee anarudi Butembo Jumatatu. Anataka kufia kwao."

"Nani kasema anakufa?"

"Hakuna, mama. Ni maneno ya mzee tu."

"Basi asiyaseme." Shangazi alikuwa amesimama mlangoni, mgongo kwetu. Nilidhani atakataa. Alichuna rangi iliyobanduka kwenye fremu ya mlango.

"Mwite," alisema.

Mchana ule tulikaa uani tukimenya muhogo. Sikumwuliza. Mimi si mtu wa kuuliza. Nilipokuwa kwenye mazoezi ya kufundisha, mkaguzi aliniambia sauti yangu haifiki dawati la nyuma, na alisema kweli. Labda ndiyo sababu watu huniambia mambo. Shangazi alimenya muhogo mmoja, wa pili, kisha akaanza kusema bila kuniangalia.

Alisema Tefiro hakuwa akiandika maneno ya filamu. Asubuhi aliwaeleza tu kinachotokea: wewe umefiwa, wewe unamdai, semeni. "Nipeni maneno, mimi nina kamera," ndivyo alivyokuwa akisema. Kwa hiyo kila mmoja alisema lililomjia, na wakati mwingine hukujua nani anaongea, mtu wa filamu au mtu mwenyewe.

"Mimi na Sosthène tulikuwa kwenye bendi moja," alisema. "Unanielewa."

"Naelewa, shangazi."

"Hatukuwa tumesemeshana lolote la maana. Tulikuwa tunaimba tu. Ukiimba na mtu kila wiki unadhani mmeshasema."

Siku ya mwisho Tefiro aliazima lori la kahawa lililotoka Kyondo. Mchimbaji, yaani Sosthène, alitakiwa kumwambia mkewe kwamba mgodi umekufa, na yeye anakwenda Bunia kutafuta dhahabu. Amwombe waende pamoja. Mke akatae, amfukuze. Mume apande lori na gitaa lake, lori lipotelee kwenye kona, kisha kamera ikizimwa ligeuze limrudishe. Ndiyo mwisho wa filamu.

"Kamera ikawashwa. Akaja, akasimama mbele yangu. Hakusema Bunia. Alisema, 'Ninakwenda Butembo. Nikikuomba tuende pamoja, utakuja?'"

Nilikiweka kisu changu chini.

"Butembo ni kwao," nikasema.

"Ni kwao. Na mimi nikasema moyoni, huyu naye, amekosea mji! Nikaogopa Tefiro atakasirika, maana betri ilikuwa inaisha. Nikamjibu haraka kama tulivyoambiwa. 'Nenda. Mimi huko sina njia.' Nikasema vizuri, Phionah. Nilisema kwa ukali mzuri kabisa. Tefiro alipiga makofi."

Lori lilikwenda hadi kwenye kona, likageuza, likarudi. Sosthène hakuwemo. Dereva alisema yule bwana ameshuka pale na kupanda gari la kwenda mpakani. Yeye alidhani ni sehemu ya sinema.

"Nikangoja. Nilipoelewa, nikatuma salamu kwa wachuuzi wa vitenge. Salamu zikarudi, ameoa." Alikusanya maganda kwa kiganja. "Mkewe alikuwa mtu mwema, nasikia. Amekwisha kufariki. Na mwaka jana huyu bwana amekuja kukaa Kasese, na mimi nilimwona sokoni, nikajificha nyuma ya vitenge vya Yvette mpaka akapita. Mimi! Niliyesimama mbele ya kamera za Kampala!"

"Mwambie, shangazi."

"Nimwambie nini? Mtu amebeba jibu lako miaka ishirini, umwambie ulidhani amekosea maneno?"

"Ndiyo."

"Wewe ni mtoto."

"Nina miaka ishirini na minne."

"Ndiyo nasema, mtoto," akasema, akaingiza muhogo ndani.

Jumamosi tulifanya mazoezi ukumbini. Sosthène alikuja na Yvette, amevaa shati jeupe lililopigwa pasi na kofia ambayo hakujua aiweke wapi. Nywele zilikuwa zimekuwa nyeupe, pengo la meno lilikuwa lile lile. Nilibana waya za maiki mkononi, nikitamani Isa anyamaze ili niwasikie.

"Mama Alisi."

"Bwana Sosthène."

"Uko nguvu?"

"Niko. Na wewe?"

"Mungu iko ananisaidia. Bon."

Basi. Miaka yote ile ikawa imesemwa. Shangazi akageuka kumgombeza Isa kuhusu benchi bovu, Sosthène akaanza kukagua maiki ambayo haikuwa na tatizo lolote. Yvette aliniangalia, akainua nyusi. "Hawa wazee beko na haya kama batoto," akaninong'oneza.

Tulipoanza, kukatokea jambo ambalo hakuna aliyelifikiria. Shangazi wa kwenye skrini alikuwa msichana. Shangazi wa ukumbini, kwa kusemea majambazi kila wiki, sauti yake imeshuka. Kila yule msichana alipofungua mdomo, ilitoka sauti ya mtu aliyekula chumvi nyingi.

Isa alivumilia mara ya kwanza. Mara ya pili akasimamisha picha. "Mama, samahani. Huyu binti anaongea kama afande."

Kisha Sosthène akacheka, kidogo, kwa pua. Shangazi alimtazama kwa hasira, na hasira ikamshinda, akacheka naye. Huo ulikuwa mwanzo wangu wa kuwa na matumaini.

"Phionah atamsema," shangazi akatangaza. "Mimi nitachukua wengine wote."

"Shangazi, mimi siwezi."

"Unaweza. Gizani hakuna anayekuona. Ndiyo raha ya kazi hii."

"Wewe ni mutoto wa nani?" Sosthène aliniuliza.

"Wa kaka yake," nikajibu, kwa sauti ndogo hata ikabidi anionyeshe sikio lake ili nirudie.

"Ah. Sawa. Usiogope, mutoto. Mimi pia ninaogopa."

Maiki ilinisaidia. Sikulazimika kupaza sauti, niliongea tu kama ninavyoongea na kuku mweupe, na spika ikanibeba hadi ukutani. Tukaenda vizuri mpaka kwenye lori. Sosthène aliinama kwenye maiki yake akasema, "Ninakwenda Bunia. Utanifuata?" Bunia, kama filamu ilivyotaka. Nikajibu kama nilivyofundishwa: "Nenda. Mimi huko sina njia."

Alirekebisha kofia kwenye goti. "Ndio vile ilikuwa," akasema polepole. "Ndio vile kabisa."

Shangazi alikuwa karibu na mlango, akikunja waya ambao ulikuwa tayari umekunjwa. Wageni walipoondoka nilimfuata nje.

"Kesho kutwa anaondoka," nikasema.

"Nina masikio, Phionah."

Jumapili watu walijaa hadi nje. Wengine walikuwa wametoka Kilembe asubuhi na mapema, wazee waliofanya kazi mgodini, wake zao, watoto wa watoto wao. Walikuja na nguo za kanisani. Isa aliondoa mablanketi mawili ili walio nje wachungulie, kisha akayarudisha kwa sababu picha ilififia, watu wakazomea, akaondoa moja.

Shangazi alikuwa moto. Alimsema nyapara, mama wa bibi harusi, muuza pombe na watoto watatu wanaogombania muwa. Mbuzi alipopita nyuma ya picha akamsemesha pia: "Mimi sijaonja mshahara tangu mgodi ufungwe." Wazee wa Kilembe walicheka mpaka mmoja akalazimika kutoka nje.

Katikati ya filamu mwanamke mmoja alisimama kwenye benchi la mbele, akaelekeza kidole kwenye skrini.

"Huyo ni baba! Simamisheni! Huyo ni baba yangu!"

Alikuwa mtu tu aliyepita barabarani wakati Tefiro anapiga picha, amebeba jembe. Isa alirudisha nyuma. Yule mtu akapita tena, akageuza uso kwenye kamera, akatabasamu, akaenda. "Mara moja tena," mwanamke akaomba. Isa akarudisha. Hakuna aliyelalamika. Shangazi aliinua maiki, na mara ya tatu yule mtu alipopita alimpa sauti ya taratibu: "Hamjambo hapo nyumbani? Mimi niko salama." Mwanamke akaketi, akajifunika uso kwa leso.

Nilikuwa nimekaa kati yao wawili, Sosthène kushoto, shangazi kulia. Mwanga wa skrini ulikuwa ukibadilika kwenye nyuso zao. Nilisema maneno yangu, Sosthène akasema yake, na niliona kwamba kila msichana wa skrini alipocheka, yeye alitazama chini. Nilifikiri juu ya Jumatatu. Nilifikiri kwamba nikishatamka sentensi yangu ya mwisho, taa zitawashwa, watapeana mikono, shangazi atasema safari njema kwa sauti ya mtu fulani, na Sosthène ataondoka akiwa na jibu lile lile aliloondoka nalo mwanzo. Na safari hii atakuwa amelisikia kwangu.

Lori likatokea. Watu wakajisogeza mbele, kwa sababu walijua mwisho umefika. Mchimbaji akasimama mbele ya mkewe na gitaa mgongoni. Sosthène aliweka kofia sakafuni, akashika maiki kwa mikono miwili.

"Ninakwenda Butembo," alisema. "Nikikuomba tuende pamoja, utakuja?"

Hakusema Bunia. Nilihisi bega la shangazi likigusa langu, likakaa hapo.

Kwenye skrini mdomo wa msichana ulifunguka. Ilikuwa zamu yangu. Maneno nilikuwa nayo, yalikuwa manne au matano tu, na sikuweza. Mdomo wake ulisogea bila sauti, mkono wake ukaonyesha barabara, mdomo ukafungwa.

"Sauti!" mtu akapiga kelele nyuma.

"Vijei kalala!"

Isa alidhani waya umechomoka. Akaja kwa magoti, akakagua, akainua kidole gumba, akarudisha picha. Mdomo ukafunguka mara ya pili. Watu walikuwa wanapiga miguu chini. Nikamsogezea shangazi maiki. Akatikisa kichwa.

"Sema wewe," akaninong'oneza. "Sema, binti, watu wanangoja."

"Siwezi, shangazi. Hayo siyo uliyotaka kumwambia."

Maiki ilikuwa wazi. Maneno yangu yalitoka kwenye spika zote mbili, yakafika dawati la nyuma na kutoka hadi barabarani. Miguu ilinyamaza. Sosthène aligeuka, akamtazama shangazi juu ya kichwa changu. Isa, ambaye kwa mara ya kwanza hakuwa na mpango, alibonyeza kitufe, na picha ikasimama palepale, msichana mdomo wazi.

Nilitaka kuingia chini ya benchi. Lakini shangazi alinyoosha mkono akaichukua maiki kutoka kwangu, taratibu, kama mtu anayempokea mwenzake mtoto. Alikohoa. Ukumbi wote ulikuwa ukingoja kusikia safari hii atakuwa nani, maana wamemzoea. Sauti iliyotoka haikuwa ya mtu yeyote niliyewahi kumsikia akimwigiza. Ilikuwa na mikwaruzo, na ilianza chini mno.

"Sosthène," alisema. "Siku ile Tefiro aliniambia nikufukuze. Uliposema Butembo nilidhani umekosea. Nilimjibu Tefiro. Wewe sikukujibu."

Sosthène aliokota kofia yake sakafuni.

"Nilisimama pale mpaka lori likarudi. Nikaangalia hata kati ya magunia."

"Basi mjibu sasa!" mwanamke mmoja akaita kutoka gizani, na watu wakacheka kidogo, kisha wakamnyamazisha.

"Namjibu, mama, ngoja nipumue." Shangazi alishusha maiki, akaona kwamba haihitaji, akaiweka kwenye goti langu. Akamgeukia Sosthène. "Ningekuja. Ningepanda lori lile na vumbi lake lote. Na kesho usiende. Wala sisemi kwa ajili ya hawa watu, hata wakitoka wote nitasema. Kaa hapa, Sosthène. Nataka ukae na mimi."